Kifungo cha Shati la Spana

Daktari wa meno alimpata mpenzi wake chini ya sinki. Bomba la kliniki lilipasuka siku yenye wagonjwa tele, akaitwa fundi, na fundi akalala chali huku miguu yake imeziba mlango. Kila mgonjwa aliyeiruka miguu ile alipewa pole na utani kutoka huko huko chini. Daktari alicheka mpaka barakoa ikamteleza. Mama yake alipokuja kuambiwa habari za mapenzi hayo, alishusha pumzi ndefu. "Fundi bomba, mwanangu? Haya. Angalau nyumba haitavuja."

Mtaani kwao, fundi huyo walimwita Spana. Aliishi kwenye nyumba ya vyumba sita vinavyotazamana, ua mmoja, bomba moja la maji. Jumapili moja akampeleka mpenzi wake kusalimia majirani. Daktari alipokelewa kama mkaguzi wa serikali: akapewa kiti pekee chenye egemeo, kikapanguswa mara mbili, soda yake ikamiminwa kwenye glasi, ilhali wengine wakinywea chupani. Wenyeji walikaa kwenye ngazi na ndoo zilizopinduliwa, wakitaniana kwa maneno nusu, maana nusu nyingine kila mtu aliijua. Yeye alicheka kwa kuchelewa.

Kisha akainuka Mama Pacha, mjane wa chumba cha mkabala, anayefanya usafi benki. "Hebu njoo hapa wewe, umevaa shati kama unakimbia moto!" Akamfunga Spana kifungo cha juu. Spana akainamisha shingo bila hata kukatiza maneno yake, kama mtu aliyezoea.

Roho ilimwuma daktari. Kwake, Spana huvua viatu nje ya mlango, hukaa kwenye ncha ya kochi, na hushukuru hata kwa maji ya kunywa. Shingo ile hajawahi kumwinamishia.

"Una nini?" Spana alimuuliza njiani.

"Sina kitu."

Siku nne nzima alikuwa nacho. Alikula nacho, akalala nacho. Siku ya tano, saa mbili asubuhi, binti wa mapokezi akachungulia. "Dokta, kuna mama kavimba shavu. Anasema katumwa na Spana, eti aje tu, hapa ni nyumbani."

Nyumbani! Neno hilo lilimkaa kooni kama mwiba wa samaki. "Asubiri," alisema.

Akapita mzee wa meno ya bandia. Akapita mwanafunzi wa kusafishwa meno, asiye na maumivu yoyote. Wakapita wengine waliofika baadaye, na kila mara binti wa mapokezi alipouliza kwa macho, daktari alitazama pembeni. Ilipofika saa saba mchana hakubaki mtu wa kumtanguliza. Mama Pacha aliingia na sare yake ya kazi, kiganja shavuni, macho mekundu.

Jipu lilikuwa kubwa. Daktari aliona haya, lakini mikono ilijua kazi yake: akachoma ganzi taratibu, akatoa usaha, akang'oa jino bila kulivunja. Alipomwekea pamba, Mama Pacha alimshika mkono.

"Dokta," alisema, mdomo ukiwa mzito upande mmoja, "nimekaa pale nikihesabu vichwa. Umenichelewesha makusudi."

Daktari aliinamia trei ya vifaa.

"Usihangaike. Na mimi kile kifungo nilikifunga makusudi, ukione." Akafuta udenda. "Nilimtaka Spana. Tangu mwaka juzi. Nikamwambia kwa mdomo wangu huu, akanijibu kwa adabu kwamba mimi ni dada yake. Kisha ukaja wewe na viatu vyako vile vya bei. Nikasema moyoni, huyu ana kila kitu, basi leo hiki kimoja akitazame tu."

Walitazamana, wivu mbele ya wivu, na hakuna aliyecheka.

Jioni Spana alikuja nyumbani kwa daktari moja kwa moja kutoka kazini, na safari hii aliingia na viatu.

"Mama Pacha kaandikiwa onyo benki kwa kukosa zamu. Kungoja saa tano nzima, na shavu lile! Angekuwa mke wa wakili angengoja?"

"Hapana."

"Kwa nini, basi?"

"Nilimwonea wivu."

Spana alibaki amesimama katikati ya sebule. Alikuwa amejiandaa kwa ubishi, si kwa ukweli. Daktari naye, kwa kuwa maji yalishamwagika, akaendelea: "Ameniambia alikutaka. Mbona wewe hukuniambia?"

"Ningekuambia, ungeniruhusu niendelee kuishi pale?"

Wote wawili walijua jibu. Daktari angemtafutia chumba kizuri mtaa mwingine, angempakilia vyombo kwa mikono yake, na angeliita jambo hilo upendo.

"Ule ua ndio ndugu nilionao," Spana alisema, sauti imeshuka. "Hapa kwako kila siku najichunga nisivunje kitu. Kule nikivunja, wananitukana, tunakula."

Hakulala hapo, wala hawakuachana. Kesho yake daktari aliandika barua ya kuithibitishia benki kwamba mgonjwa alikuwa kliniki tangu saa mbili, na kwamba kuchelewa kulikuwa kosa la daktari. Aliipeleka mwenyewe, kisha akaenda uani kwa kina Spana kukagua kidonda. Mama Pacha aliachama kwenye mwanga wa mlango, akajibu maswali kwa kutikisa kichwa, akasema asante kavu. Urafiki haukuzaliwa.

Spana alikuwa bombani, akijaza ndoo mbili, yake na ya Mama Pacha. Daktari aliziona zile ndoo mbili zikiwa bega kwa bega, na kile kitu kikamchoma tena palepale. Safari hii alikimeza, akamfuata.

"Bado nina wivu," alimwambia.

"Najua," Spana akasema, akampa ndoo moja. "Shika hii. Twende."