Miaka Kumi ya Rodney Belgarde

Alhamisi moja, saa tatu na robo asubuhi, Jaji Merle Haugstad wa mahakama ya shirikisho ya Harlow Fork, Dakota Kaskazini, alimeza kidonge cha goti, akavaa joho, akaingia kumhukumu Rodney Belgarde. Makosa yalikuwa mawili ya kuuza dawa za kulevya, miezi mia na ishirini kila moja. Sheria haikumwachia jaji nafasi ya kupunguza hata siku. Alichobakiwa nacho ni neno moja tu: vifungo vitumikiwe kwa pamoja au kwa kufuatana.

Alikuwa ameamua kwa pamoja, na karani wake Arlys Tveit alikuwa ameshaiandika karatasi hivyo. Lakini goti lilimchoma, jaji akasema kwa kufuatana. Mwendesha mashtaka alikuwa akifunga mkoba. Wakili wa Rodney alikuwa akitazama saa yake. Kwenye viti vya nyuma, mama yake Rodney, Yvonne, mwanamke wa miaka sitini na sita mwenye kisukari, alikuwa bado akiigawa miezi kwa kumi na mbili kwenye vidole, maana huko kifungo hutajwa kwa miezi, labda ili kisiume sana.

Kosa la mdomo husahihishwa ndani ya siku kumi na nne. Zikipita, hukumu imeganda, na kuganda kwake huonekana mwilini mwa jaji. Miezi ya halali huishia kwa mfungwa. Ile iliyozidi mfungwa huitumikia pia, lakini faida yake humrudia jaji, naye hupungua umri kwa kiasi hichohicho. Ndiyo sababu majaji wa jengo lile walijivunia mvi zao. Haugstad, katika miaka kumi na tisa ya kazi, hakuwahi kupata hata wiki moja, na hakuwa mvivu wa kuwataja wenzake waliopata.

Siku ya kumi na tano aliamka goti haliumi. Alishuka ngazi mbio, akala mayai manne. Mkewe, Lorraine, alimtazama nywele, akamshauri apitie kwa kinyozi kabla hajaonekana kazini. Kinyozi Duane alipitisha kitana kwenye nywele zilizorudia rangi ya shayiri.

"Kumi kamili," alisema Duane. "Umemzidishia nani, Mheshimiwa?"

Arlys alifungua kumbukumbu za kikao, akalikuta lile neno. Karatasi ilisema pamoja, mdomo ulisema kufuatana, na kwa sheria ya huko mdomo huishinda karatasi. Haugstad aliandika amri ya kujisahihisha, akaisoma mara tatu, kisha akaikataa mwenyewe, kwa kuwa mwisho ulikuwa jana yake. Rufaa haikuwezekana. Rodney, alipokiri makosa, alikuwa ametia saini kwamba hatakata.

Amri ya kukataa ilisomwa mahakamani. Yvonne aliomba kusema neno, akaruhusiwa.

"Kumi ningeimudu," alisema. "Nishampangia mpaka chumba. Ishirini sina, Mheshimiwa. Wewe unayo, nakuona hapo ulivyonawiri. Nirudishie yangu."

"Sina mamlaka, Bi Belgarde."

"Lakini goti limepona."

"Limepona," alisema jaji, na Arlys akayaandika yote.

Jaji aliona aibu, tena aibu ya kweli. Alijaribu kuiharibu ile miaka: alivuta sigara, alikula mafuta, aliacha kulala. Haikuharibika. Ilikuwa miaka ya Rodney, kijana wa ishirini na tisa, imara, tena ilikuja na mambo yake. Ilimfanya atamani supu ya madonge ya nyama ambayo Lorraine hakujua kuipika, na Jumapili ilimfanya amkumbuke mama ambaye hakuwa wake. Hakustaafu. Aliteuliwa kwa maisha yake yote, na maisha sasa alikuwa nayo mengi.

Yvonne alifariki mwaka wa kumi na moja wa kifungo, mwezi wa pili. Gereza lilikataa kumruhusu Rodney aje kumzika mama yake. Haugstad, mwenye miaka sabini na miwili kwenye cheti na sitini na miwili mwilini, aliendesha gari kwa muda wa saa mbili kwenye theluji, akakaa kiti cha mwisho kanisani. Jeneza hubebwa na watu sita. Wajukuu watano walikuwa wamesimama tayari. Charlene, dada yake Rodney, alitembea hadi nyuma, akasimama mbele ya jaji.

"Nyanyuka," alisema. "Nafasi ya Rodney iko wazi, na nguvu zake unazo wewe."

Hakuna aliyegeuka kutazama. Jaji alivua kofia, akashika kishikio cha upande wa kichwa, wakanyanyua. Makaburi yalikuwa mbali na theluji ilikuwa nzito. Wajukuu walisimama mara mbili kubadilisha mikono. Yeye hakuhitaji. Rodney alikuwa amebakiza miaka tisa na miezi kumi.