Wanachama Hai

Mimi ndiye niliyewaambia watu wamwage maziwa. Siwezi kumsukumia mwingine lawama, ingawa Mungu anajua nimejaribu.

Chama chetu cha ushirika kilikuwa na tangi moja la kupozea maziwa, na tangi hilo ndilo lililotuweka mjini. Bila tangi, maziwa yanachacha kabla lori halijafika, na mfugaji hana la kufanya ila kuuza ng'ombe. Mwenyekiti wetu tulimbatiza Bwana Kudumu, maana alikuwa na miaka tisa madarakani bila kuitisha uchaguzi. Siku moja akatangaza kwamba tangi litauzwa, kituo kifungwe. Mnunuzi nani? Shemeji yake! Basi tukaenda mahakamani, mimi, Fundi Cherehani mwenye ng'ombe wawili na mdomo wa watu ishirini, na wenzetu hamsini. Tulitaka uchaguzi tu, tumtoe yeye na kamati yake. Mahakama ikazuia tangi lisiguswe mpaka kesi iishe.

Kesi ilichukua miaka minne. Leo faili halionekani. Likionekana, hakimu yuko likizo. Hakimu akirudi, wakili wa Bwana Kudumu anaumwa tumbo. Lile tumbo nililijua kuliko matumbo ya wanangu.

Uvumilivu ukaniishia. Mwaka wa nne nikasimama mbele ya wenzangu nikasema, "Tumgomee! Asipeleke mtu hata kikombe kituoni mpaka hukumu itoke. Atakayepeleka ni msaliti." Wakanipigia makofi, na mimi kichwa kikavimba. Miezi minne tukamwaga. Nyumbani kwangu nilimwaga mwenyewe, mtaroni, kila asubuhi, huku naimba. Mume wangu, naye mwanachama, alikuwa akisimama mlangoni ameshika tama.

"Mama watoto, hii ni dhambi."

"Dhambi ni Kudumu. Nipishe."

Maziwa ya jioni aliniomba ampelekee dada yake, anaumwa. Nikaona haya kumnyima mgonjwa.

Kisha hukumu ikatoka, tukashinda! Hakimu aliamuru uchaguzi ufanyike ndani ya wiki mbili, usimamiwe na karani wa mahakama, na wapigakura wawe wanachama hai kwa mujibu wa katiba ya chama. Tulibebana juujuu hadi barabarani. Nani alikuwa na nafasi ya kufungua katiba?

Siku ya uchaguzi tulijaa kwenye ukumbi wa kituo, uliopakana ukuta na chumba cha tangi. Karani alikuwa kijana wa adabu, shati limepigwa pasi, sanduku la kura amelifunga kwa kufuli lake mwenyewe. Hata chai ya Bwana Kudumu aliikataa. Nikasema moyoni, leo haki imekuja na miguu yake.

Akafungua katiba akasoma: "Mwanachama hai ni yule aliyepeleka maziwa kituoni kila wiki, kwa miezi mitatu kabla ya uchaguzi, bila kuruka."

Miezi mitatu! Sisi tulikuwa na minne ya kumwaga.

"Bwana karani," Fundi Cherehani akaruka, "sisi tulikuwa kwenye mgomo!"

"Naelewa, mzee wangu. Lakini mimi nimeagizwa kufuata katiba. Mnaweza kukata rufaa."

"Miaka mingapi tena?"

Karani akainamia daftari la mapokezi ya maziwa, akaanza kuita majina. Bwana Kudumu. Mkewe. Wanawe. Shemeji. Wapambe wake wote, thelathini na wanane. Sisi hamsini na wawili tumekaa tu, tunawatazama wakipanga foleni. Halafu akaita jina la mwisho, nami nikadhani nimesikia vibaya.

Lilikuwa la mume wangu.

Akainuka, macho chini. Kumbe dada mgonjwa ni tangi!

"Msaliti!" Fundi Cherehani akapiga kelele. Neno hilo nilimfundisha mimi. Hata mimi nilishafumbua mdomo nimtukane, ndipo hesabu ikanijia: kila mmoja wetu angepeleka kikombe kimoja kwa wiki, tungeshinda. Nilitamani ardhi inimeze.

Karani akahesabu mbele yetu, kura moja moja, bila hila yoyote. Kamati ya zamani, thelathini na nane. Kamati yetu, moja.

"Huyo mmoja namjua," Bwana Kudumu akacheka, na wapambe wake wakacheka naye.

Tangi lilipakiwa kesho yake. Mume wangu hakunigombeza, na afadhali angenigombeza. Alikamua kama kawaida, akaniletea ndoo imejaa. Mnunuzi wa ng'ombe alikuwa aje mchana.

"Nilikuwa siwezi kuyaona yakimwagwa," akasema. "Basi tu. Sikuwa na akili nyingine."

"Baba watoto, nisamehe."

"Haya. Leo mwaga wewe, mimi naingia ndani."

Nikasubiri afunge mlango, nikaenda mtaroni.