Mikono Sitini na Mmoja ya Kagabo

Saa tatu asubuhi Kagabo alikuwa akichuja maziwa kwa Mama Sidonie, pale Mushaki, mkono mwingine ulipofika. Ulipanda barabara ya kutoka Sake kwa vidole vyake, ukakwepa pikipiki mbili, ukaingia mlangoni, ukamparamia Kagabo mgongoni na kuanza kumpigapiga bega polepole. Mama Sidonie, ambaye nyumba yake haikosi watu wala habari, aliitazama rangi ya kucha akasema huyo ni mwanamke wa Goma, tena wa ofisini. Ulikuwa wa sitini na mmoja.

Mambo yalianzia kwenye semina ya siku mbili. Kagabo alikuwa amekwenda kuuza jibini tu. Mshiriki mmoja hakufika, wakamkalisha yeye kwenye kiti ili idadi itimie. Mwalimu wao, Benoît wa Walikale, akamfungulia kila mtu ukurasa kwenye mtandao wa watafuta kazi, akawaandika wote kuwa mabingwa wa usuluhishi wa migogoro, akawaambia wathibitishane ujuzi huo kwa kubonyeza kitufe. Wakathibitishana kama watu wa huko wanavyosalimiana: ukiingia penye watu unashika mkono wa kila mmoja, hata usiyemjua, maana kumruka mtu ni kumtukana. Kisha marafiki wa marafiki nao wakabonyeza. Kila aliyembonyezea Kagabo, mkono wa tatu ulimtoka ukamfuata Kagabo. Aliyebonyeza hakupungukiwa na kitu. Alibaki na miwili yake.

Maziwa hayajaisha kuchujwa, habari ikaingia. Wanaume wenye bunduki na mapanga wamemshika Gisubizo, mdogo wake Kagabo, kwenye kizuizi cha njia ya Kirolirwe. Wanataka ng'ombe wake kumi na wanne, naye amekataa kuwaachia.

Watu wakamgeukia Kagabo. Yeye akasema aitwe padri, kwani yeye anajua jibini.

"Papa Kagabo," Mama Sidonie akamwambia, "weye njo uko na mikono makumi sita na moja. Padiri iko na ngapi?"

Wakacheka kidogo. Kagabo akavaa koti juu ya mikono, akaenda.

Kizuizini alimkuta Gisubizo amepigishwa magoti, kamba mikononi, jino moja limelala kwenye kidevu. Kamanda alikuwa amevaa kandambili. Akamuuliza Kagabo anajua kufanya nini. Kagabo akajibu usuluhishi.

"Nani anasema?"

Kagabo akavua koti. Kamanda akaihesabu mikono mpaka mwisho, akaridhika, akawaamuru watu wake wanyamaze wamsikilize mutaalamu.

Kagabo alitafuta neno, akapata lile moja alilofundishwa: mchoro wa mti wa mgogoro. Akaokota kijiti, akachuchumaa, akauchora kwenye vumbi. Mizizi ni sababu, akasema. Shina ni tatizo lenyewe.

"Kaka," Gisubizo akasema, "waache wabebe ngombe, twende kwetu."

Kagabo akamwambia angoje, mti haujaisha.

Alipofika kwenye matawi, kamanda alimkata Gisubizo shingoni. Panga lilikuwa butu, likarudiwa mara tatu. Damu ikaruka mpaka kwenye mchoro. Mgongoni mwa Kagabo mikono ikapiga makofi, miwili miwili, kama siku ya kufunga semina. Ule uliokosa mwenzake ulimpiga yeye kisogoni.

Akamwangukia mdogo wake, akaziba jeraha kwa viganja vyake. Havikutosha. Akaiomba ile mingine ishuke imsaidie kubana. Haikushuka hata mmoja. Ilikuwa imekuja kwa ajili ya bega. Gisubizo akaisha pale. Ng'ombe wakaswagwa kuelekea msituni, na kamanda akamwambia Kagabo kwamba ameeleza vizuri.

Kwenye matanga hata watu wa Mushaki walisema hivyohivyo, kwamba aliongea vizuri, ila wale watu ni wabaya. Siku ya pili Benoît akamwandikia kutoka Walikale. Alitoa pole, kisha akasema huko kuna kazi ya usuluhishi, naye amepungukiwa na uthibitisho mmoja.

Kagabo alikaa na simu mkononi, kucha zake bado nyeusi kwa damu. Kumnyima mtu aliyekutolea pole hakukuwa na adabu. Akabonyeza. Ndani ya mkono wa shati lake ukatoka mkono wa tatu, msafi, kucha nyeupe kama za mtoto, ukashuka chini, ukapita kati ya waombolezaji, ukashika njia ya Walikale.