Miko ya Harusi

Imelda alishika chupa ya manukato ndogo kama kidole gumba, akainusa, akairudisha mezani. Shangazi yake Ferista hakuigusa. Alisema harufu hiyo ingefika kwenye geti la ukumbi, nyumbani kwa mgeni isingefika. Tangu asubuhi walikuwa wamezunguka maduka ya Tunduma wakitafuta zawadi za wageni: peremende zilizofungwa kwenye neti, vishikio vya funguo, mishumaa yenye picha ya njiwa. Kila kilichopendeza kilizidi uwezo, na kila kisichozidi uwezo Ferista alikiita takataka.

"Tuwape kitu ambacho watakishika kila siku," alisema. "Tuwape miko."

Wakapanda bajaji mpaka Mpemba, ambako mtu aitwaye Sadoki huuza miko kando ya barabara kuu. Huichonga mwenyewe kijijini kwake Ikinga, huko Ileje, na kuishusha kwa viroba. Siku hiyo alikuwa na miko midogo, laini, ya mti wenye rangi ya asali. Ferista aliikagua mmoja mmoja kama anayetafuta chawa, akakosa kasoro, na jambo hilo likamtia shaka zaidi. Lakini bei ilikuwa nzuri. Walichukua yote.

Jioni Osea, mchumba wa Imelda, alipita akitoka kazini. Alikuwa wakala wa forodha pale mpakani, kijana wa mashati yaliyonyooshwa, na muda wote wa uchumba alikuwa yatima. Baba hakumjua, na mama yake alifariki zamani huko Mbeya. Ndivyo alivyoieleza kamati ya harusi, na kamati ilisimama kimya kumkumbuka marehemu. Kiti cha mama wa bwana harusi kingekaliwa na mke wa bosi wake.

"Miko ya wapi hii?" aliuliza.

"Ya Ikinga."

"Nani kaichonga?"

Ferista aliliweka swali hilo kichwani. Alitegemea Osea aulize bei, au acheke. Osea alisema wageni watawadharau, afadhali manukato, kisha akaondoka bila kumaliza chai.

Kesho yake, jua lilipozama, miko yote ilipata ugali. Ulitoka kwenye mti taratibu, kama jasho linavyotoka usoni, ukajikusanya kwenye vichwa vya miko. Ulikuwa ugali wa ulezi, laini, wa moto. Ferista alidhani ni panya, lakini panya hawasongi. Akamshuku jirani, akaenda kumsalimia ili amnuse mikono. Ilinuka sabuni. Aliporudi alionja.

"Huyu mtu anajua kupika," alisema, na akaanza kujiuliza anampikia nani.

Waliiosha miko, wakaianika. Jioni iliyofuata ikapata ugali tena. Abrahamu, baba yake Imelda, ambaye ni mzee wa kanisa, alisema chakula hakitupwi. Akaomba baraka, wakala.

Ferista akamwalika Osea. Hakumweleza kitu. Aliukusanya ule ugali kwenye sahani, akauweka mbele yake pamoja na maharage. Osea alimega tonge, akalibonyeza kwa kidole gumba, akalitia mdomoni. Alitafuna kidogo, akaacha. Alikaa hivyo, macho yakiwa mezani, kisha akameza na kuomba maji ya kunawa.

"Unga mmenunua wapi, shangazi?"

"Hatujanunua."

"Nimeshiba," alisema Osea.

Jumamosi Ferista na Imelda walikwenda Ikinga. Sadoki aliposikia habari za ugali aliendelea kuchonga. Alisema mti ule ulikuwa umesimama mlangoni pa jiko la jirani yake, Mama Tukuswiga, na ulipokauka mama huyo alimpa aukate.

"Umevuta moshi wa lile jiko tangu kabla sijaoa," alisema. "Ulitaka ufanye nini kingine?"

Walimkuta Mama Tukuswiga nyuma ya nyumba akichuja pombe ya komoni. Alikuwa mwanamke mfupi, mwenye masikio ya Osea. Aliwafutia vigoda kwa kanga, akawaletea togwa. Alisema komoni ndiyo iliyomsomesha mwanawe mpaka chuo, na sasa mwana yuko Tunduma, kazi zimembana. Kila jioni humsongea ugali, kwa sababu aliwahi kusema atakuja jioni, ila hakutaja ipi.

"Ninyi mnamfahamu Osea wangu?"

Ferista alimtazama Imelda.

"Kwa mbali, mama," alisema Imelda.

"Basi mkimwona mwambieni asikae na njaa."

Walipokuwa njiani kurudi, Ferista alisema, "Huyu amemzika mama aliye hai. Wewe atakuzika lini?"

Kadi zilishagawiwa, gauni la Imelda lilishakatwa kwa kipimo chake, na alimpenda Osea. Aliyapima hayo njia nzima, na mpaka wanaingia Tunduma hakuna lililokuwa limepungua.

Alimkuta Osea kwake akipiga pasi.

"Mama yako anakusalimu."

"Mama yangu alifariki."

"Leo ametukaribisha togwa."

"Hata hivyo alifariki," alisema Osea, akigeuza shati upande wa pili. "Baba yako angemwoza binti yake kwa mtoto wa muuza komoni?"

Imelda akaenda kumuuliza baba yake. Abrahamu alisema kanisa limeshamwombea marehemu, na si vizuri kulirudisha kanisa nyuma wiki ya harusi.

Harusi ikafanyika. Kila mgeni alipewa mwiko uliofungwa kwa nailoni na utepe mweupe, na wageni waliupokea kwa adabu, kama mtu anavyopokea mwiko. Jua lilipozama wapishi walikuwa bado wanahangaika na wali. Miko ikapata ugali ukumbi mzima. Wageni walifungua utepe, wakala. Wengine walisema hawajawahi kupewa zawadi yenye akili namna ile, na MC akaomba makofi kwa kamati. Mke wa bosi, kwenye kiti cha mama, alimaliza wake akauliza kama kuna mboga.

Osea aliuviringisha mwiko wake kwenye leso, akautia mfuko wa koti. Wakati wa kukata keki Imelda aliona mvuke ukitoka mfukoni mwa mumewe. Akageuzia uso kamera.

Tangu hapo nyumba nyingi za Tunduma ziliacha kununua unga wa jioni. Imelda na Osea waliishi vizuri. Ila Osea alipoongea na simu, Imelda alisimama nyuma ya mlango, akisikiliza kama anasema mke wangu yupo au mke wangu alikuwepo.

Siku moja alimkuta Sadoki pale Mpemba, akamuuliza habari za jirani yake.

"Amenunua sufuria kubwa," alisema Sadoki. "Amelima ulezi mpaka uwanjani. Anasema mwanawe ameanza kurudi. Akisonga, akigeuka kuchukua sahani, anakuta sufuria tupu. Hamwoni, na kijana hasalimii, lakini anamaliza ugali wote."

"Hashangai?"

"Ashangae nini? Anasema kazi za mjini ni ngumu, mtu mmoja anakula kama ukumbi mzima. Amekonda, mikono inamuuma. Lakini anafurahi."

"Mpe salamu."

"Niseme za nani?"

Imelda alitazama malori yaliyokuwa yamepanga foleni kuelekea mpakani.

"Za watu wa mbali," alisema.

Kisha akanunua mafungu mawili ya mchicha na nyanya, akawahi nyumbani kuunga mboga kabla jua halijazama.