Saini ya Baba Tausi

Jana usiku, nimejitupa kwenye kochi na gauni langu la kazini, niliota kiti cha meya kimekuja kwangu kuomba maji.

Kilipiga hodi kwa mguu wa mbele. Nikakikaribisha, mgeni ni mgeni. Kilikuwa kiti cha ngozi nyeusi, kimechakaa mikononi, kinahema.

"Shikamoo, mama," kikasema.

"Marahaba. Mbona mbio hivyo?"

"Wananigombea tangu mwezi wa tatu. Huyu anavuta huku, yule anavuta kule. Hakuna hata mmoja aliyeniuliza kama mgongo unaniuma."

Nikakimwagia maji kwenye mto wake wa kukalia, kikanywa yote. Kisha kikaiona barua iliyokuwa mezani. "Na hii ni ya nani?"

Ni ya mume wangu, Mbarouk, Baba Tausi. Miaka kumi na tisa ameendesha gari la kufagia barabara katika mji huu wa Marekani, mji wa wastani tu, wenye mto mmoja na madaraja mengi kupita kiasi. Mwaka jana akapata uraia. Uchaguzi huu wa meya ndio ungekuwa kura yake ya kwanza, na aliusubiri kama mtoto anavyosubiri Idi. Mwezi wa nane kiharusi kikampiga upande wa kulia. Karatasi ya kura ilipokuja kwa posta, akaijaza, akasaini bahasha kwa mkono wa kushoto, peke yake, mimi niko kazini. Ofisi ya uchaguzi ikajibu kwamba saini haifanani na ile waliyonayo. Asaini fomu waliyoiambatanisha, iwafikie kabla ya saa kumi na moja jioni siku ya Ijumaa, la sivyo kura yake haihesabiwi.

"Hata jina langu limenikana," akasema Baba Tausi, akageukia ukutani. Siku nne hajasema neno jingine. Na Ijumaa yenyewe ni leo.

"Namjua huyo," kiti kikasema. "Alikuwa akipita chini ya dirisha langu kila alfajiri. Panda twende."

Napanda. Kiti kinatembea katikati ya barabara, na kwenye taa nyekundu kinasimama kama raia mwema. Mabango ya wagombea yanang'oka kwenye nyasi za watu na kutufuata, kila moja linaniahidi lami. Nayaambia, hebu nipisheni, nina mgonjwa nyumbani.

Tunafungua mlango wa ofisi ya uchaguzi, na ndani ni friji kubwa la jiko la shule ninakopika. Karani amekaa kati ya katoni za maziwa. Ni miwani mitupu, haina uso nyuma yake.

"Sheria inasema zifanane," ikasema Miwani. "Kwa hiyo zitasimama bega kwa bega, nizitazame."

Ikavuta droo. Ikatoka saini ya zamani ya mume wangu, ile ya siku aliyojiandikisha kupiga kura. Nyembamba, imenyooka, kama imetoka kuchana nywele sasa hivi. Yaani yeye mtupu! Nilitaka kulia, nikajikaza. Kutoka kwenye bahasha ikajikokota ile mpya, inachechemea, mguu mmoja inauburura chini.

"Unamfahamu huyu?" Miwani ikauliza.

Saini ya zamani ikaitazama mwenzake juu mpaka chini. "Simjui. Mimi sijawahi kuchechemea."

Lo! Damu ikanichemka. "We! Huna hata haya? Wali wa nazi niliopika miaka yote hii uliliwa na nani? Huyo ni wewe. Umeugua tu!"

Ikainamisha kichwa. Kisha ikamwuliza mwenzake, taratibu, "Kabla ya kusaini, ulimwuliza Mama Tausi?"

"Sikumwuliza," ile mpya ikajibu. "Alikuwa kazini. Nilitaka arudi akute nimeweza mwenyewe."

Hapo nikakumbuka. Kabla ya bahasha ile, Baba Tausi hakuwahi kusaini kitu bila kuniuliza. Mkataba wa nyumba, fomu za shule za binti yetu, karatasi za uraia mbele ya ofisa mwenye haraka zake: anashika kalamu, ananigeukia. "Mama Tausi, nisaini?" Nami namjibu, "Saini, baba." Mara nyingine nilijibu bila hata kuinua macho kwenye sufuria. Nilidhani ni mazoea tu.

"Basi mwulize sasa," ikasema ile ya zamani, ikamshika mwenzake kiwiko asianguke.

Ile mpya inanitazama. "Mama Tausi, nisaini?"

"Saini, baba," nikasema. "Saini unavyoweza."

Friji zima likaingia joto. Maziwa yakaanza kutokota kwenye katoni, na Miwani ikajaa ukungu pande zote mbili.

"Zinafanana," ikasema, wala haikuwa ikiona kitu.

Nikaamka. Jua limeshaingia sebuleni. Baba Tausi amekaa miguuni pangu pembeni ya kochi, fimbo yake sakafuni, fomu ya ofisi ya uchaguzi juu ya goti. Imesainiwa. Herufi zimeanza kwenye mstari, zikateremka, zikaishia chini kabisa ukingoni mwa karatasi.

"Mume wangu! Umefikaje hapa peke yako? Mbona hukuniamsha?"

"Nilikuuliza," akasema. Maneno yalimtoka mojamoja, kwa shida. "Ukasema saini."

"Nilikuwa nimelala, Mbarouk."

"Ukasema..." Akapumzika kidogo, akameza mate. "Unavyoweza."

Nikaigusa ile saini. Wino ulikuwa bado mbichi, ukanishika kidoleni.