Nane Mbili

Fundi Kuang Zhaoxin aliwadharau watu kwa zamu. Asubuhi, pale Huaqiangbei, soko la vifaa vya elektroniki, aliwadharau mafundi wenzake, mchana wateja, na siku hiyo zamu ilimwangukia Mama Ou Baoqiong, mtarizi wa magauni ya harusi, aliyefika na laptopu kaiviringisha kitambaa chekundu kama mtoto mchanga.

Mazabodi, ile bodi kuu ya ndani, ilikuwa imeungua. Kuang alizunguka soko zima akapata moja tu ya aina ile, akaifunga. Lakini mazabodi mpya huja haina namba ya utambulisho, na programu yenye michoro ya Mama Ou, kazi ya miaka kumi na tisa, haifunguki mpaka ikute namba ileile ya zamani. Kampuni iliyoiuza ilishakufa. Hakukuwa na wa kumlilia.

Kuang aliigeuza laptopu asome kibandiko cha chini. Mama Ou akaanza kusema kuna jambo kuhusu hicho kibandiko. Kuang akamkatiza, akamwambia kwamba yeye fundi hajawahi kumfundisha mama kutunga uzi kwenye sindano, basi naye asimfundishe kazi. Majirani wa vibanda wakacheka, na kichwa kikamvimba.

Mafundi wenye akili huandika namba kwenye mazabodi, wakaijaribu, ndipo wakaifungia, maana ikishafungiwa haibadiliki tena. Huyu bwana aliona kujaribu ni kazi ya waoga. Aliandika, akaifungia, akamrudishia mama mashine yake kwa mkono mmoja, bila hata kumtazama.

Programu ikakataa.

Kuang akaipokonya mashine, akakisogeza kibandiko kwenye lenzi ya kukuzia. Tarakimu mbili za mwisho, nane na nane, zilikuwa zimepitiwa na wino wa kalamu.

“Nani kachezea hapa?”

“Mimi. Zilikuwa nne mbili, nikazigeuza nane, namba ya bahati. Kwa lugha yetu ukitamka nne unasikia kifo, fundi. Bibi harusi akiziona hizo, gauni lake hanipi.”

“Yaani mama, kwa ushamba huo umeiua kazi yako mwenyewe?”

“Hilo ndilo nililokuwa nakuambia,” alisema Mama Ou taratibu. “Ukanijibu habari za sindano.”

Safari hii vibandani hakuna aliyecheka. Kuang alitupa macho huku na huku akitafuta mtu wa kumdharau, akamkosa. Mama Ou alikuwa ameshaomba karatasi na kalamu, aichore upya michoro yake kwa kukumbuka. Alichora mstari mmoja wa mkia wa ndege, kisha mkono ukasimama, hakumbuki mkia unapogeukia.