Mdai Aliyebaki Shambani

Shauri la Mwamvua dhidi ya Yunis lilihusu kipande cha shamba la mpunga, baada ya mafuriko kukihamisha kijito kilichokuwa mpaka wao. Mwamvua alilifungua katika baraza la ardhi mjini Kilosa, na kwa miezi minne majirani hao wa kijiji kimoja karibu na Mikumi hawakusalimiana. Yunis, aliye mdogo kwa umri, aliona uzito kupita mlangoni kwa mkubwa wake bila shikamoo.

Kisha Mwamvua akaugua, Yunis akampelekea uji, na mazungumzo yakarudi. Wakapanda minyaa katikati ya kipande kile, wakala ugali juu ya mpaka mpya mbele ya majirani. Kwa desturi ya hapo, watu wakishakula hivyo, ugomvi umekwisha na hautajwi tena. Mwamvua aliamini kwamba hata huko Kilosa ugomvi umekwisha. Yunis alipomwomba aende akaliondoe shauri, alikataa kwa upole, akisema kwamba kulitaja ni kuufukua ugomvi.

Lakini shauri liliendelea kuitwa. Maofisa walikuwa wakiandaa hati za kimila kijijini, na shamba lenye shauri waliliweka kando. Mwisho wa mwezi wangeondoka. Yunis alitaka hati yake. Basi kila tarehe ilipofika alipanda basi kwenda Kilosa, na kwa kuwa mpunga ulikuwa unakomaa, Mwamvua alibaki kuliamia ndege shamba la Yunis.

Mara ya tatu mwenyekiti wa baraza alifunua jalada, akatazama kiti kitupu, akauliza kama mdai alipata wito.

“Aliupata, mheshimiwa. Nilikuwapo.”

“Basi yuko wapi?”

“Yuko shambani kwangu, anafukuza ndege.”

Karani aliinamisha kichwa juu ya karatasi zake. Mwenyekiti aliuliza tena, akapewa jibu lilelile pamoja na habari za minyaa na ugali. Akaeleza kwamba baraza haliwezi kumngoja mdai asiyelifuatilia shauri lake, kisha akaandika: shauri limefutwa. Yunis aliomba nakala yenye muhuri, akaikunja mara mbili na kuitia katika mkoba.

Jioni alimkuta Mwamvua juu ya kichanja cha kulindia mpunga, kombeo mkononi.

“Shikamoo, dada.”

“Marahaba. Wamesemaje?”

“Wamelifuta, kwa sababu hukufika.”

“Ningefika, huu mpunga ungeliwa na nani?”

“Na ndege.”

“Basi wameamua vizuri.”

Siku mbili baadaye ofisa ardhi aliipokea nakala, akapima shamba kwa kufuata minyaa. Fomu ilihitaji saini ya jirani wa upande wa kijito kuthibitisha mpaka. Mwamvua alifuta mikono kwenye kanga, akaomba kalamu, akaandika jina lake polepole, kwa herufi zilizosimama wima. Kisha akauliza kama fomu yake nayo ipo, ili Yunis amsainie.